Mamba wa Lufira na Mshika Kamba Wangu

Nyinyi mnaobaki kwenye kikosi cha maji mliniomba niandike kidogo kuhusu kazi kabla sijasahau. Kusahau bado. Ni magoti tu yaliyostaafu kabla yangu, na mimi nikayafuata. Sitaeleza nilipandishwa cheo lini wala nililipwa nini. Mambo hayo yana watu wake wa kuyalalamikia, nao wanaijua kazi hiyo kuliko mimi. Nitaeleza juu ya maji, juu ya mzee aliyenifundisha, juu ya mamba, na juu ya mwanamke aliyenishikia kamba.

Jina langu ni Ramazani. Nimezaliwa Likasi, mtaa wa Shituru, katika nyumba za kampuni karibu na reli. Babu yangu alikuja kutoka upande wa Kasongo kufanya biashara ya nguo, akabaki. Sisi ni watu wa msikiti, wa kanzu siku ya Ijumaa, na hakuna aliyetegemea mtoto wa nyumba ile aende kuzamia kwenye bwawa la umeme la Lufira. Mama yangu alisema nimepungukiwa akili. Baba alininunulia fulana nene ya sufu, maana alijua maji yale yana baridi.

Siku ya kwanza nilipelekwa kwa Baba Anakleti, mkuu wa wazamiaji, Musanga kwa kabila, wa kandokando ya mto, mtu mfupi mwenye kifua kipana. Hakunisalimia. Alinishika kichwa, akakigeuza, akachungulia sikio la kulia, kisha la kushoto.

“Masikio iko muzuri,” akasema. “Kichwa tutaona.”

Wiki za kwanza sikuguswa na maji. Nilipewa kabati lililojaa vali, mipira na vibano, nikaambiwa nifungue kila kitu, nikioshe kwa maji ya sabuni, kisha nikifunge tena nikiwa nimefumba macho. Nilidhani mzee ananitania kwa sababu mimi ni mgeni. Niliposhuka mara ya kwanza, wakati wa mvua, ndipo nilipoelewa. Maji yalikuwa meusi kwa udongo, hata mkono wangu mwenyewe sikuuona, na kila nilichofanya nilikifanya kwa vidole. Kazi yetu ilikuwa grili, vile vyuma vinavyozuia magugu, magogo na mizoga isiingie kwenye turbini. Turbini inazimwa, mzamiaji anashuka, anakata, anavuta, anapanda. Ni kazi ya kufagia uwanja, ila uwanja uko gizani na una njaa ya miguu yako.

Kila mzamiaji alifungwa kamba kiunoni, na juu kwenye boti kulikuwa na mtu wa kuishika. Ukivuta mara moja, uko salama. Mara mbili, akuongezee kamba. Mara tatu, akupandishe. Hayo mnayajua. Msilolijua ni sharti la Baba Anakleti, maana liliondoka naye: kamba yako ishikwe na mtu ambaye ukifa atakulilia kweli. Hakutaka mtu wa zamu, wala aliyepangwa na ofisi. Ujanani alishikiwa kamba na mtu wa zamu, na alipovuta mara tatu hakuitikiwa. Yule bwana alikuwa ameifunga kwenye ndoano ya boti, akageuka upande wa pili awashe sigara bila upepo. Mzee alipanda mwenyewe kwa kukwea grili, akatoka akiwa na damu puani. Tangu hapo kila mgeni wa kikosi aliulizwa swali moja.

“Nani atakulilia?”

Nilimjibu kwamba ni Mukendi, rafiki yangu tangu shule ya Panda. Mukendi naye akaulizwa kama ni kweli. Alifikiri muda mrefu kuliko nilivyopenda, kisha akasema ndiyo, atalia.

Mamba nilimwona mwaka wangu wa kwanza, wakati wa baridi. Mnaijua baridi ya kwetu ya mwezi wa sita na wa saba, asubuhi majani yameganda na watu wa soko wanaota moto wa makatoni. Mvua imekatika zamani, udongo umetulia, na maji ya bwawa upande wa mafunjo yanatakata mpaka unaona kucha zako. Tulikuwa tumemaliza kazi kwenye grili. Baba Anakleti alinishika kiganja akaniongoza chini kwa chini, tukitambaa kwenye tope polepole, mpaka chini ya mizizi ya mafunjo ambapo ukingo umechimbika ndani kama chumba. Akanikalisha. Akanielekeza kidole kwenye ukingo wa mwamba. Niliutazama ule mwamba, nikashangaa mzee anataka niuone wa nini. Kisha mwamba ukawa na jicho.

Nitawaambia nilivyohisi bila kuficha: nilisahau kuogopa. Woga ulikuja baadaye, nyumbani, nikiwa nakula. Pale chini nilikuwa na mshangao tu. Alikuwa mrefu kuliko boti yetu. Mikono yake ameilaza kando ya mwili kama mtu anayesinzia kwenye ibada. Mwani wa kijani umeota mgongoni, na samaki wadogo wanachokonoa katikati ya magamba yake bila wasiwasi. Juu ya jicho palikuwa na utando wa ngozi nyembamba inayopitisha mwanga, na nyuma ya utando lile jicho la rangi ya dhahabu lilikuwa wazi. Hakutikisika. Niliona shingo yake ikipanda kidogo, ikishuka kidogo, na nikajua kwamba yule kiumbe alikuwa hapo kabla ya bwawa, kabla ya kampuni, kabla babu yangu hajafikiria kuondoka Kasongo. Nilitaka kusema kitu, na mdomoni nilikuwa na mpira wa hewa.

Tulipopanda, mzee alinieleza huku akijikausha, kwa Kiswahili chetu cha Likasi kinachochanganya Kifaransa, ambamo mamba ni ngwena. “Ngwena akiwa chini na baridi, amelala. Ukitulia, weye uko jiwe. Paka vile. Mais, akiwa juu ya maji, hapana kucheza naye. Juu, kila kintu chenye kinaelea ni chakula. Donc, unashuka mbio, unaikala chini, na saa ya kupanda unafuata kamba ya nanga mpaka ndani ya boti. Hapana kusimama katikati.”

Msisahau hilo la kutosimama katikati. Bwawa letu si refu kwenda chini, mwili haudai kupumzika njiani, kwa hiyo hakuna sababu ya kuning'inia.

Miaka ikaenda hivyo. Kisha ikaja miaka ya tisini, na kila kitu kilichokuwa kimesimama Likasi kikaanza kulala. Kwanza vipuri, halafu magari, halafu wahandisi, halafu maduka. Mitambo ya Shituru, ambayo tulikuwa tunalala kwa mlio wake, ilinyamaza vipindi virefu, na ule ukimya uliwakosesha wazee usingizi. Watu wakaenda Kamatanda kuchimba mawe kwa mikono yao. Mukendi alipakiwa kwenye treni pamoja na wengi waliotakiwa warudi Kasai walikotoka wazazi wao, nchi ambayo yeye hakuwahi kuiona hata siku moja. Nilimsindikiza stesheni. Alinikabidhi glavu zake za kushikia kamba, na sote wawili tulilia, kwa hiyo jibu lake kwa mzee lilikuwa la kweli.

Nikabaki bila mshika kamba. Na Baba Anakleti, katika nchi ambayo hakuna sheria iliyokuwa inafuatwa tena, alikataa kabisa kuivunja ya kwake. Mtu asiye na mshika kamba hashuki.

Wakati huohuo ndipo alipofika Bwana Deon, fundi wa turbini kutoka Afrika ya Kusini, aliyeletwa kutazama mtambo mmoja uliokwama. Alikuwa mtu mwekundu wa shingo, mwenye Kifaransa cha kuokota kwa madereva wa malori, na alikuja na chupa zake mwenyewe za hewa, maana kwao alizoea kuzamia baharini na papa. Alipokuwa anasubiri kipuri ambacho hakikufika, alikaa na Baba Anakleti kwenye ngazi za karakana. Mmoja anasimulia papa, mwingine anasimulia mamba. Deon alieleza jinsi papa anavyotoka kwenye bluu bila kelele, anakuzunguka, anakupima, anaondoka, na wewe unabaki umejaa kitu usichokijua jina. Mzee alimsikiliza mpaka mwisho.

“Wa kwetu haondoke,” akamwambia. “Anabakia.”

Hivyo ndivyo ilivyoanza kazi ambayo haikuandikwa kwenye karatasi yoyote ya kampuni: kuwaongoza wazamiaji wazoefu waende kuwatazama mamba. Kila msimu wa baridi Deon alirudi na rafiki zake wawili watatu, wote watu wa papa, watu wa miaka mingi majini. Wakaja na kompresa ya kujazia chupa hewa, wakaja na mafuta, wakaja na sabuni, na karakana ikapata uhai tena. Asiyekuwa mzoefu, mzee hakumpokea. Na hata mzoefu alimpeleka kwanza kwenye shimo la zamani la mgodi upande wa Kamatanda, lililojaa maji ya kijani, akamkalisha chini kabisa akiwa amepakata jiwe. Usicheze mguu, usigeuze kichwa, vuta hewa kidogokidogo mpaka nikugongee chupa. Bwana mmoja mwenye picha nyingi za papa alijikuna pua. Mzee alimrudisha Likasi akamnunulia chai.

Mimi nilihitajika niwe msaidizi wake wa chini, na sikuwa na mtu wa kamba. Nikamwomba mke wangu, Zaina.

Zaina alikuwa anauza unga na chumvi kwenye soko la Shituru, na kwa kusema ukweli ndiye aliyekuwa anaendesha nyumba. Alinisikiliza akiwa anapepeta.

“Hapana,” akasema.

“Kamba tu, Zaina. Unaikala mu boti.”

“Minye nimesikia sharti ya ule muzee wenu. Kushika ile kamba ni kusema: bwana yangu anaweza kufa leo, na minye nimekubali, nimekuya hata kuangalia. Sitaweza. Enda utafute mwengine wa kukulilia.”

Alikuwa ameelewa sharti kuliko wengi wetu. Mama Rebeka, mke wa Baba Anakleti, ndiye aliyekuwa anamshikia mumewe. Alikuwa mama wa kanisa la uamsho, na akishika kamba anaomba kwa sauti mpaka ndege wanahama kwenye mafunjo. Alinionea huruma, akasema atashika kamba mbili, ya mumewe mkono wa kulia na yangu wa kushoto, maana mimi ni kama mtoto wake na akinipoteza atalia bila taabu. Mzee alinung'unika, akakubali kwa mara moja tu.

Habari ilifika sokoni kabla sijakauka. Asubuhi iliyofuata, lori la kwenda bwawani lilipokuwa linapakia, Zaina alikuja amejifunga kitenge cha pili juu ya cha kwanza, akapanda bila kusalimia mtu. Tulipofika alimwendea Mama Rebeka kwa adabu zote.

“Mama, asante sana. Mais huyu ataliliwa na muke wake. Munipe kamba.”

Alijifunza haraka. Mzee alimfundisha ishara, kisha akamfundisha lililo gumu. Ukimwona mamba juu ya maji kati ya boti na mtu wako, usivute. Ukivuta unamfanya atapatape, na anayetapatapa ni chakula. Legeza kamba, piga chuma kwenye maji mara moja, na mtu wako atajua akae chini. Halafu ungoje. Zaina aliuliza angoje mpaka lini. Mzee akamjibu kwamba hilo halijui mtu. Kuanzia siku hiyo tulikuwa na boti ya ajabu, Mama Rebeka upande mmoja akikemea kwa jina la Yesu, Zaina upande wa pili akinong'ona dua zake chini ya mtandio, na rafiki wa Deon katikati akitafuna kucha.

Sasa nifike kwenye siku ambayo wengi wenu mmeisikia vibaya, maana imesimuliwa na watu ambao hawakuwepo.

Ulikuwa msimu wa tatu wa wageni, asubuhi isiyo na upepo. Chini tulikuwa wanne: Baba Anakleti mbele, wageni wawili, Deon akiwa mmoja wao, na mimi nyuma. Kamba ya Deon ilishikwa na rafiki yake wa miaka mingi, bwana mmoja mpole anayeitwa Fanie. Tulimkuta mamba chumbani mwake chini ya mizizi, tukakaa mbele yake kwenye tope kama wageni walioalikwa. Mwanga wa jua ulikuwa unapenya kwenye mafunjo na kumwangukia mgongoni vipande vipande. Nilikuwa nimemwona mara nyingi kufikia hapo, na bado kifua kilinijaa. Kisha mzee akatoa ishara ya kupanda. Akatangulia na mgeni mmoja, wakafuata kamba ya nanga, wakaingia botini. Deon akafuata. Mimi nikabaki chini kuhakikisha hakuna kilichosahaulika.

Nilipoinua macho nilimwona Deon katikati ya maji. Ameachia kamba ya nanga. Amekunja mikono kifuani, ametulia, anaangalia saa yake.

Watu wa bahari wana desturi njema: kabla ya kutoka, wanasimama kidogo chini ya uso wa maji ili mwili utoe hewa mbaya iliyoingia damuni. Imewaokoa wengi. Deon alikuwa ameifanya maisha yake yote, na siku ile, kichwa chake kikiwa kimejaa mamba, mwili wake uliifanya wenyewe. Mtu asiye mzoefu asingefanya kosa lile. Angekimbilia botini kama kuku. Alikuwa ananing'inia pale kwa heshima, mrefu, mwenye miguu inayocheza kidogo.

Ndipo niliposikia chuma. Kling', mara moja. Zaina. Kaa chini.

Kamba yangu ikalegea kiunoni, nikajua ameniachia kama alivyofundishwa. Nikatazama upande wa mafunjo. Mamba mwingine, mkubwa kuliko yule wa chumbani, alikuwa ameteleza kutoka ukingoni alikokuwa anaota jua. Damu yake ilikuwa imeshapata moto. Alikuwa anakuja juu ya maji, na kutoka chini nilimwona kwa tumbo, jeupe, pana, mikono imebanwa, mkia tu ndio unaofanya kazi. Hakuwa na haraka hata kidogo. Mrembo, mnielewe. Nilikuwa natazama kifo cha mtu kinamwendea, na sehemu moja ya moyo wangu ilikuwa inasema, tazama anavyokwenda.

Deon alisikia chuma lakini hakujua kimetoka wapi. Akaanza kugeuka huku na huku. Na wakati huohuo kamba yake ikakaza: Fanie, kule juu, alikuwa ameanza kumvuta. Miguu ya Deon ikapiga maji.

Nilipanda. Zaina ameniambia nikae, na mimi nikapanda. Nilimshika Deon mkanda wa vipande vya risasi wa kuzamishia kiunoni, nikafungua vali ya fulana yake ya kuelea, hewa ikatoka yote, nikajifanya mzito kadiri nilivyoweza. Kwa kitambo kidogo kamba yake ilitushikilia pale, mmoja anavuta juu na mwingine chini. Kisha ikalegea ghafla, tukaanguka pamoja mpaka kwenye tope. Nikamkalisha. Nikamwekea jiwe mapajani. Akanielewa, maana alikuwa mzamiaji kweli, na akawa jiwe.

Giza likapita juu yetu. Yule mamba alikuja mpaka pale Deon alipokuwa, hakukuta kitu, akashuka kututazama. Alitua kwenye tope karibu sana, upande wa mkono wangu wa kushoto, na tope likatimka kidogo, likatulia. Utando ukafunika jicho. Nyuma ya utando jicho lilikuwa wazi. Niliona meno ya taya la juu yaliyokaa nje ya mdomo, na kovu la zamani puani, na kipande cha gugu kimenasa kwenye kucha. Sikuomba kitu. Nilikuwa nimeshafika mahali ambapo mtu haombi, anatazama tu. Nilijihisi mdogo mno, na ajabu ni kwamba haikuniuma kuwa mdogo. Hewa ilikuwa inakuwa nzito kuvuta, na kila povu nililitoa taratibu pembeni mwa mdomo. Mkono wa Deon ulikuwa umeshika wangu.

Kisha akaondoka. Sijui kwa nini. Mkia ulisogea mara moja, na pale alipokuwa pakabaki alama ya tumbo lake kwenye tope.

Kling' kling', chuma kikalia. Njia ni nyeupe. Tulipanda na kamba ya nanga bila kusimama popote, na Baba Anakleti akatunyakua mmojammoja kama samaki.

Fanie alikuwa amekaa sakafuni mwa boti analia. Ndipo nilipojua kilichotokea juu. Alipomwona mamba alianza kuvuta kamba ya rafiki yake kwa nguvu zote, na Zaina, ambaye mikono yake miwili ilikuwa na kamba yangu, alimrukia kwa mwili. Alimwangusha, kamba ikateleza majini. Akaikalia kamba ya Deon isivutwe tena, akabaki hapo ameikalia, huku kamba yangu ikimtoka mkononi kwenda mahali ambapo alikuwa ameniambia nisiende. Alikuwa anaihisi inapanda, kisha inashuka, kisha inanyamaza. Mamba alizama machoni pake, palepale juu yangu. Hakuvuta. Mama Rebeka ananiambia hata yeye maombi yalimkauka, kwa mara ya kwanza tangu aokoke.

Deon alisema jambo moja tu. Alisema papa ana safari zake, anapita. Huyu alikaa akatutazama kama mwenye nyumba. Baba Anakleti akaitikia kwa kichwa na kumfunika blanketi. Hakumlaumu, na hata baadaye sikumsikia akimlaumu.

Nilimtazama Zaina. Viganja vyake vilikuwa vimechunika. Hakunikumbatia wala hakunigombeza. Alikunja kamba vizuri, duara juu ya duara, akaiweka ndani ya ndoo. Nyumbani alinipakulia ugali kama kawaida. Nilijiambia basi, imekwisha, hatashika tena, na haki yake.

Siku kadhaa baadaye alikuja karakana na vitenge vyake viwili, akasimama mbele ya mzee.

“Baba, minye nataka kushuka.”

“Kushuka wapi?”

“Kwenye bwana yangu anashukaka. Nilikalia kamba ya muntu, nikaona ile ngwena inazama juu ya bwana yangu, na sikujua kule chini kuko nini. Nimechoka kushika kintu chenye sikijue. Munifundishe.”

Baba Anakleti alimwambia hii ni kazi ya wazoefu. Zaina akamjibu kwamba yuko tayari kuwa mzoefu. Mzee akageuka kunitazama, kana kwamba mimi nilikuwa na usemi katika jambo hilo. Akamshika kichwa, akachungulia sikio la kulia, kisha la kushoto.

Alimfundisha mwaka mzima kwenye shimo la Kamatanda, Zaina akiwa amevaa suruali ya sufu ya kaka yake na mtandio amefunga kwa ndani. Alikaa na jiwe muda mrefu kuliko mgeni yeyote wa papa. Aliniambia kukaa bila kutikisika si kitu, kila mama aliyewahi kulaza mtoto mwenye homa anajua. Msimu wa baridi uliporudi, wageni hawakuja, barabara zilikuwa zimeharibika na habari za vita zilikuwa zimeanza kusogea. Tulikuwa sisi tu wa nyumbani. Mzee akashuka naye, Mama Rebeka akamshikia mzee, na kamba ya Zaina nikaishika mimi.

Sikuwahi kushika kamba ya mtu ambaye ningemlilia. Nilidhani ninajua kazi hii. Nilikaa kwenye ile boti na glavu za Mukendi mikononi, nikatazama maji yaliyonyooka kama kioo, na sikuona chochote. Mapovu yalitoka kidogo, yakaenda chini ya mafunjo, yakapotea. Kamba ikanyamaza mikononi mwangu. Kila nilichokuwa nacho duniani kilikuwa upande wa pili wa kamba ile, na nilikatazwa kukivuta. Mama Rebeka alinitazama kwa jicho la pembeni huku akiomba.

“Njo vile, mutoto wangu,” akasema. “Ikala tu.”

Walikaa mpaka jua likahama kwenye boti. Walipopanda, nilimtoa Zaina kwa mikono yangu mwenyewe, nikamvua barakoa. Alikuwa anatetemeka na midomo imekuwa ya bluu. Nilimuuliza kama amemwona. Alikaa amekumbatia magoti, macho yake bado yako kule chini, na machozi yanamtoka bila kelele, yanachanganyika na maji ya bwawa. Sijawahi kumwona mtu amejaa namna ile, hata msikitini.

Baadaye sana, lori likiwa limeshapita Panda, alinigeukia.

“Ramazani.”

“Nakusikia.”

“Miaka yote ile unarudia ku nyumba, nakuuliza: leo ilikuwa namna gani? Na weye unanijibu: maji ilikuwa ya baridi.”

Nikasema ni kweli, maji yalikuwa na baridi.

“Uliona ile,” akasema, “ukakuya kula ugali yangu, ukalala, na haukuniambia.”

Usiku ule nikaanza kumwambia, tangu mwanzo, jicho na mwani na samaki wadogo katikati ya magamba. Ni miaka mingi sasa, Baba Anakleti tumeshamzika, wajukuu wamejaa nyumba, na jioni bado anasogeza kigoda chake karibu na changu, ananiambia niendelee.